Tuliokaa Juu ya Kisima

Kiwanja tulichonunua mimi na mume wangu kilikuwa mawe matupu. Aliyetuuzia alipanda juu ya jabali, akatuonyesha mipaka kwa kidole: kuanzia jiwe lile lenye mchirizi mweupe mpaka kwenye ule mkuyu, halafu unashuka. Nilimwuliza nyumba itakaa wapi. Akacheka.

"Mwalimu, watu wote wa huku wanajenga juu ya mawe. Jiwe halititii."

Ndicho tulichoweza. Mume wangu alikuwa fundi wa kuchomelea vyuma, na karakana yake ilikuwa Mirongo, hatua chache kutoka mtoni. Mimi nilikuwa nimemaliza chuo cha ualimu Butimba, nafundisha shule ya msingi huku Ilemela. Tulikuwa tumepanga chumba kimoja na mtoto wa pili alikuwa njiani. Viwanja vilivyopimwa, vya tambarare, vilikuwa na wenyewe. Kwa watu kama sisi palibaki mlimani.

Wakati ule mlima ulikuwa bado na miti. Katikati ya majabali kulikuwa na vichaka na mikuyu iliyokumbatia mawe kwa mizizi, na asubuhi pimbi walikaa juani wakitutazama kama wenye nyumba wanavyomtazama mgeni asiyebisha hodi. Nyumba zilikuwa nne. Ya tano ikawa yetu.

Chini kabisa, pale mlima unapokwisha na kuanza kibonde kinachoelekea ziwani, alikaa bibi mmoja. Alikuwa Mkerewe, alivuka maji kuja kuolewa hapo akiwa msichana, na mume wake alikuwa amekwisha kufariki. Alikuwa na nyumba ya matofali ya udongo, migomba, matuta ya mchicha, na kisima. Kisima chenyewe hakikuchimbwa na mtu. Maji yalitoka chini ya jabali, na yeye na marehemu waliyazungushia mawe yakawa kama karai kubwa. Yaliyofurika yalinywesha mchicha, yaliyobaki yakaenda zake ziwani.

Maji ya bomba yalikuwa hayajafika mlimani, kwa hiyo siku tuliyotaka kuanza msingi nilishuka kumwomba.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Ndio ninyi mnaochoma matairi huko juu?"

Ndio sisi tuliokuwa tunachoma matairi. Jabali halivunjiki kwa nyundo peke yake. Unawasha moto juu yake mpaka lipate joto, unalimwagia maji, linapasuka, ndipo nyundo inapata pa kuingilia. Moshi ule mweusi ulikuwa ukimshukia yeye. Nilianza kumwomba radhi, akanikatisha.

"Chota. Maji haya hayajawahi kunyimwa mtu. Ila mguu usiingie, na sabuni isiingie. Ukifua, fulia mbali."

Nyumba yetu, kuanzia zege la msingi mpaka lipu ya sebuleni, ilijengwa kwa maji ya kisima kile. Na kwa miaka kadhaa tuliyanywa. Yalikuwa baridi hata mchana wa kiangazi.

Choo ndicho kilichotushinda. Mafundi walichimba siku mbili, sururu ikagonga mwamba kabla shimo halijafika kiunoni. Ikabidi wajenge kuta za mawe juu ya ardhi, shimo likawa limesimama badala ya kwenda chini. Kwa upande wa mteremko, karibu na sakafu ya shimo, fundi aliacha tundu la ukubwa wa sufuria ndogo, akaliziba kwa jiwe na udongo. Nikamwuliza la nini.

"La kutapishia, mama. Gari la kunyonya choo halipandi huku. Kikijaa unasubiri mvua kubwa, unazibua, mvua inamaliza kazi."

Alinieleza kama anayenionyesha jinsi ya kuwasha jiko. Mume wangu alikuwa anatazama pembeni. Nilijua mteremko ule unaishia kwa nani, na fundi alijua. Nilisema, "Basi sawa," nikaingia ndani kupika chakula cha mafundi.

Miaka ile ya mwanzo tundu halikuguswa. Kilichobadilika kwanza ni mlima. Kila mwezi ilitokea nyumba mpya, nyingine ikiegemea jabali, nyingine imekaa juu yake kama kuku anayeatamia. Miti ilikatwa kwa ajili ya fito, ya kuni, ya moto wa kupasulia mawe. Na sisi tuliukata ule mkuyu wa mpakani, kwa sababu mizizi yake ilikuwa imeanza kuusukuma ukuta wa jiko. Akina mama walikaa chini ya miavuli mibovu wakiponda kokoto. Pimbi waliondoka bila sisi kujua ni lini. Siku moja tu mwanangu mkubwa aliniuliza wako wapi, nikagundua kwamba sijawaona tangu mwaka uliopita.

Bila miti, mvua ikawa haina cha kuizuia. Ilishuka mlimani kwa kelele, imebeba udongo mwekundu, na kisima cha bibi kikawa kinachafuka. Mwanzoni maji yalitakata baada ya siku moja. Baadaye siku tatu. Baadaye juma zima. Bibi alichonga mfuniko wa mbao, akaongeza mawe kuzunguka, akachimba mfereji wa kuyakwepesha maji ya mvua. Kila tulipokutana alikuwa na jembe mkononi.

"Mlima wenu unanihamia," alinitania siku moja. "Udongo wote uko kwangu. Nitaanza kulima mahindi yenu."

Kisha watu wakaanza kufungua matundu. Hakuna aliyelizungumza. Mvua kubwa ikinyesha, ungemwona mwanaume mmoja anatoka na mtaimbo, anazunguka nyuma ya nyumba, anarudi ameloa. Harufu ilipita na mvua. Kesho yake mnasalimiana, habari za mvua, nzuri, mnaagana.

Mume wangu naye alikuwa na vita vyake na maji. Kila mvua kubwa mto Mirongo ulifurika na kuingia karakanani kwake. Alishinda anakokota nje matope, mifuko ya plastiki, nepi za watoto, na mambo mengine ambayo hakuyataja mezani. Alirudi nyumbani anasugua mikono mpaka kwenye viwiko.

"Watu wa mji huu hawana haya," alisema. "Mto wameufanya jalala. Wanajua kabisa unapita kwenye watu."

Nilikubaliana naye. Tulikula wali na dagaa huku tukiwalaani watu wasio na haya, na nyuma ya nyumba shimo letu lilikuwa limebakiza shubiri moja kujaa.

Lilijaa masika ile. Watoto wetu wadogo walianza kuogopa kuingia chooni. Wa pili alikuwa anajizuia mpaka afike shuleni. Jumapili moja, tumetoka kanisani na tumemaliza kula, mvua ikaja kutoka ziwani kama ukuta. Mume wangu alisimama mlangoni akaitazama kwa muda mrefu. Halafu akavaa mabuti yake ya kazi.

"Unakwenda wapi?" nilimwuliza, ingawa nilijua.

"Unajua ninakokwenda."

"Na bibi?"

"Mvua ni kubwa, itapeleka moja kwa moja ziwani. Haitakaa kwake." Alisema hivyo bila kunitazama. "Na kama si leo, watoto wataenda wapi kesho? Niambie wewe, nitafanya utakavyosema."

Nilichukua mwavuli, nikamfuata nyuma ya nyumba, nikamshikia huku yeye akichokonoa lile jiwe kwa mtaimbo. Nasema hivi kwa sababu nimewahi kusikia wanawake wa mlimani wakisimulia mambo haya kana kwamba ni ya wanaume. Mimi mwavuli niliushika kwa mkono wangu, na nilihakikisha haloi mgongo.

Jumatano nilisikia shuleni kwamba bibi wa kisimani amelazwa. Alikuwa amehara na kutapika siku mbili, na jirani aliyekwenda kununua mchicha ndiye aliyemkuta sakafuni. Nilipika uji wa ulezi, nikaenda kituo cha afya. Alikuwa na dripu mkononi. Uso wake ulikuwa umenywea, macho yameingia ndani.

"Pole bibi."

"Ahsante, mjukuu wangu. Wewe ndiye wa kwanza kuja kutoka mlimani."

Nilimlisha kijiko kimoja kimoja. Alitaka kuniuliza habari za watoto, pumzi ikamwishia, akanishika tu mkono. Nilitaka kuuondoa mkono wangu nikashindwa. Nilipofika nyumbani nilimweleza mume wangu. Alikaa kwenye ngazi ya mlango, hakula siku ile.

Bibi alipotoka, mume wangu alianza kumpelekea maji. Bomba la maji lilikuwa limefika barabarani wakati huo, kukiwa na gati, kituo cha watu wote cha kuchotea. Kila asubuhi kabla ya kwenda Mirongo alijaza madumu mawili, akampelekea mlangoni, akasema shikamoo, akaenda zake. Bibi alimsifu kwa kila mtu. Alisema huko mlimani kuna mtoto mmoja tu aliyelelewa, naye ni yule mchomelea vyuma. Watu walituletea sifa hizo nyumbani kama zawadi, na mume wangu alizipokea akiwa ameinamisha kichwa. Walidhani ni unyenyekevu.

Mwaka huohuo nilifundisha darasa la nne somo la usafi. Niliandika ubaoni kwamba choo kiwe mbali na chanzo cha maji, na kiwe upande wa chini. Msichana mmoja wa mlimani alinyoosha mkono.

"Mwalimu, na kama sisi ndio tuko upande wa juu?"

Nilimwambia ni swali zuri, tutalijadili wiki ijayo. Wiki ijayo ilipofika nilifundisha mada nyingine.

Sitasema kwamba hatukufungua tena lile tundu. Tulifungua mara mbili zaidi. Bibi alikuwa hanywi tena maji ya kisima. Alikuwa ameweka tawi la miiba juu ya mfuniko, na mchicha wake watu walikuwa hawaununui. Tulijiambia kwamba hayo yamepunguza madhara. Mtu akiwa na jambo linalomla moyoni hutafuta hesabu ya namna hiyo.

Ndipo ukaja mradi wa majitaka. Wahandisi vijana walipanda mlimani na mabomba membamba, wakatueleza kwamba yatapita katikati ya mawe, kila nyumba itaunganishwa, na yote yatashuka mpaka kwenye bomba kubwa linalokwenda kwenye mabwawa ya kusafishia. Nyumba kumi na kitu za mteremko wetu ndizo zingeunganishwa kwanza. Mkutano ulifanyika mbele ya ofisi ya mtaa na watu walipiga makofi. Kisha mhandisi akakunjua ramani. Majitaka hushuka, alisema, hayapandi, na kwa mteremko huu njia ni moja tu: katikati ya shamba la yule bibi wa chini, pembeni mwa kisima. Bila saini yake hakuna bomba.

Watu wakatazamana. Mwenyekiti wa mtaa alikwisha kwenda kwake mara mbili. Bibi alimkaribisha, akamsikiliza, akamwambia atafikiri, akampa ndizi za kupeleka nyumbani.

"Mwalimu," mwenyekiti akaniambia, "wewe na mzee wako mnapatana naye. Mnampelekea maji. Nenda wewe."

Nilikwenda Jumamosi asubuhi. Njiani nilikuwa nimepanga maneno: afya ya watoto, maendeleo ya mtaa, faida kwa wote. Nilimkuta uani anachambua dagaa kwenye ungo. Alinipa kigoda. Nikaanza na afya ya watoto, nikafika katikati, nikasikia sauti yangu ilivyo ya darasani, nikanyamaza.

"Endelea, mwarimu," alisema. Hivyo ndivyo alivyolitamka siku zote.

"Bibi, mwaka ule ulipolazwa, tulifungua choo chetu. Jumapili ile ya mvua. Mume wangu alizibua na mimi nilimshikia mwavuli."

Mikono yake iliendelea kuchambua. Alitupa kichwa kimoja cha dagaa kwa kuku, kisha kingine.

"Na wengine?"

"Wengine pia walifungua. Lakini mimi nimekuja na la kwangu."

"Mume wako alianza kuniletea maji siku niliyotoka hospitali," alisema. "Mtu haamki tu siku moja akaanza kumbebea maji mwanamke asiye mama yake. Nilijua kuna kitu. Nikasubiri mtu aseme."

"Kwa nini hukuuliza?"

"Ningeuliza, mngekataa. Mngeona aibu, msingekuja tena. Ningebaki na kisima kibovu na sina hata wa kunisalimu."

Nililia. Aliniacha nilie, hakunibembeleza. Kisha akaweka ungo chini.

"Usidhani sikukasirika. Pale kitandani niliomba choo cha mtu aliyenifanyia hivi kimwangukie yeye na ukoo wake. Wewe ulikuwa unanilisha uji, mimi naomba hivyo." Akapangusa mikono kwenye kitenge. "Mungu ana subira. Angenisikia, watoto wako wangekuwa wapi?"

Nilimwomba msamaha. Alisema amesikia. Hakusema zaidi ya hapo, na mimi sikumbana. Halafu akasema habari ya bomba.

"Lipite. Nilikuwa nitakubali tu, mimi si mjinga, najua bomba linaniponya mimi kwanza. Lakini mfereji wa kwenye shamba langu usichimbwe na vibarua. Wachimbe wenye nyumba za juu, wenyewe. Nataka niwaone nyuso."

Mwenyekiti alipolisoma sharti hilo mkutanoni, kuna waliocheka na kuna waliokasirika. Mfanyabiashara wa nyumba ya juu kabisa alisema atatoa watu watatu badala yake. Mwenyekiti akamjibu kwamba bibi hakuomba watu watatu, amemwomba yeye.

Walikuja Jumamosi iliyofuata na sururu, mitaimbo na machepeo. Bibi alikuwa ameketi mlangoni, amevaa gauni lake la kanisani. Kila mtu alilazimika kupita mbele yake. Wengine walisema shikamoo tu na kupita haraka. Wengine walichuchumaa, wakasema jambo kwa sauti ya chini, na yeye akaitikia kwa kichwa. Mama mmoja mponda kokoto alianza kueleza, akazidiwa, akaishia kupiga magoti kimya. Bibi alimwinua kwa kumshika kiwiko. Yule mfanyabiashara alifika na viatu vyeusi vya ngozi. Bibi aliingia ndani, akatoka na sururu ya marehemu mume wake, akampa.

"Hii ni nzito," alimwambia, "lakini haijawahi kumshinda mtu."

Alichimba mpaka mchana. Viatu vile havikufaa tena kwa kazi nyingine.

Mume wangu aliomba kipande cha karibu na kisima, asije mtu akayavunja yale mawe. Alipofika mbele ya bibi alivua kofia, akafungua mdomo.

"Mkeo alishasema," bibi akamkata. "Chimba."

Alichimba. Nilimwona anapangusa uso kwa mkono wenye udongo, na haikuwa jasho peke yake.

Sasa bomba lipo. Tundu letu limezibwa kwa zege, na choo ni cha kumwagia maji. Bibi naye ameunganishiwa maji ya bomba uani. Lakini kisima hakijapona. Bwana afya alichukua maji kwenye chupa, akarudi na jibu kwamba yasinywewe, na alipoulizwa mpaka lini hakutaja muda. Upande wa pili wa mlima nyumba zinaendelea kupanda na bomba halijafika. Watu wanafulia maji yale ya kisima, wanafyatulia matofali. Bibi huja kutazama yakichotwa kisha hurudi ndani.

Masika ya mwaka huu, mvua ya kwanza ilipopiga, nilishuka mpaka kwake nikiwa na mwavuli. Nilisimama kwenye ule mfereji wake wa zamani nikatazama maji yakipita. Yalikuwa mekundu mazito, na mifuko, na chupa, na kiatu kimoja cha mtoto. Hayakuwa na harufu.

"Unatafuta nini kwenye mvua?" Bibi alikuwa mlangoni.

"Natazama maji tu, bibi."

"Udongo wenu huo. Mlima mzima unakwenda ziwani, samaki watakaa wapi?" Alinisogezea taulo nijipanguse. "Mwambie mwenyekiti wako aje. Bomba tumemaliza, sasa tuzungumze habari ya miti. Nina miche ya mikuyu nyuma huko, lakini mtu akiipanda karibu na ukuta nitaing'oa mwenyewe."

Tuliingia ndani. Alinimiminia chai, akaanza kutaja miti aliyoikuta hapo akiwa mwali, na mahali kila mmoja uliposimama. Nilikuwa na daftari la maandalizi ya somo mkobani. Nilifungua ukurasa wa nyuma nikaandika kadiri alivyokuwa anasema, na pale niliposhindwa kulijua jina kwa Kiswahili niliandika la Kikerewe kama nilivyolisikia.